Nimemwacha, Akafasiri

"Mwambie huyu daktari kisu hakinigusi mpaka mwanangu amwache yule msichana."

Mkalimani alikuwa na mazoea ya kuanza kufasiri kabla mgonjwa hajafunga mdomo. Safari hii ulimi ulimgomea. Mama aliyelala kitandani alikuwa amekunja magoti kwa maumivu, jasho limelowesha kitambaa chake cha kichwa, lakini macho yalikuwa makavu na makali. Daktari wa upasuaji alisubiri upande wa pili wa kitanda.

"Amesemaje?"

Ukalimani una sheria yake: husemi "amesema". Mgonjwa akisema mimi, nawe unasema mimi, kama vile tumbo linalouma ni lako.

"Kisu hakinigusi," akasema kwa lugha ya mjini, "mpaka mwanangu amwache yule msichana."

Na yule msichana alikuwa yeye mwenyewe.

Hakujua alipoitwa asubuhi ile. Aliambiwa tu kuna mama wa milimani, utumbo umejisokota, hajui lugha ya mjini hata ya kuombea maji. Hospitali nzima ni yeye peke yake aliyeweza Kimlimani, ingawa kwao ni bondeni. Lugha hizo mbili ni za ukoo mmoja, lakini bila mazoea unaambulia neno moja moja tu. Bondeni wana f pale ambapo milimani wana h: bondeni wanafika, milimani wanahika, bondeni wanapaka mafuta, milimani wanapaka mahuta. Lakini ukikosea hapa na pale, mtu wa milimani atakuangalia kwa jicho la pembeni.

Siri hiyo ya f na h alifundishwa na mchumba wake, fundi wa lifti, mtoto wa milimani aliyesomea mjini tangu utotoni, na Kimlimani chake kilikuwa kinakwama isipokuwa kwenye matusi. Walijuana siku lifti ya hospitali ilipokwama. Fundi alikuwa juu akiitukana lifti kwa Kimlimani, akidhani ndani hakuna anayemwelewa, na sauti ya kike ikamjibu kutoka chini kwamba lifti haina mama, amwache mama yake nje ya maneno hayo. Tangu hapo wakawa na mchezo wao. Mmoja anatupa neno, mwenzake analirudisha kwa lugha yake. Mchezo ukazaa mazoea, mazoea yakazaa mapenzi, na mapenzi yakafika kwenye "nitakupeleka kwa mama". Hapo yakakwama. Mara mama anavuna, mara mama ana mafua. Hata siku moja fundi hakusema kwamba mama amekataa.

Sasa mama alikuwa mbele yake. Mapema, kabla ya kukataa kisu, daktari alipouliza ndugu wa karibu, mama alijibu kwamba ana wana wawili, mkubwa ameoa na kuhamia mbali, na kitinda mimba ni fundi wa lifti, yule anayecheka kwa pua. Mkalimani angepaswa kusema palepale kwamba ana uhusiano na familia hii, apishe. Ampishe nani? Muuguzi alikuwa ameshamnong'oneza kwamba utumbo ule ukichelewa utaoza.

"Muulize huyo msichana ana kosa gani," daktari alisema, uso umemkunjamana.

Akauliza. Mama alivuta pumzi kwanza.

"Hana kosa. Hata simjui. Ni wa bondeni. Mkubwa wangu alioa hukohuko. Wajukuu zangu wakija wananipa mkono kama wageni, wanakaa, wananitazama mdomo. Nikiwaambia njooni mle, wanamgeukia baba yao awaambie bibi anasema nini. Nimezaa, nimelea, nimekuwa bubu nyumbani kwangu. Mara moja inatosha."

Mkalimani alifasiri neno kwa neno. Alipofika kwenye "nimekuwa bubu" sauti ilimtetemeka, na hakujua anamwonea huruma nani, mama yule au nafsi yake. Wazo likampitia kichwani. Angeweza kumgeukia mama na kumwambia daktari ameshampigia mwanao simu, amekubali kila kitu. Nani angejua? Mle wodini, lugha zote mbili alikuwa nazo yeye peke yake. Alilisukuma wazo hilo kando, akaishika kwa nguvu nguzo ya kitanda.

Mlango ukafunguliwa. Fundi, aliyeitwa na muuguzi, aliingia na ovaroli lake, mikono ina grisi, anahema kama mtu aliyepanda ngazi zote kwa miguu. Alimwona mama yake, kisha akamwona mchumba wake, na rangi ikamtoka usoni. Daktari hakumpa nafasi ya kushangaa. Alimweleza kwa kifupi: utumbo umejisokota, bila kisu mama hatafika jioni, na mama anakataa kisu kwa sababu ya msichana fulani. Ayamalize na mama yake hapahapa.

Fundi alipiga magoti kando ya kitanda. Alimwangalia mchumba wake mara moja tu, haraka, kama mtu anayeomba radhi kabla ya kosa.

"Mama, nimemwacha."

"Lini?"

"Nimeshamwacha. Basi. Kubali."

Daktari akageuka. "Wanasemaje?"

Wote wakamtazama mkalimani.

"Nimemwacha," akafasiri. "Nimeshamwacha. Basi. Kubali."

Mama alitoa dole gumba, likapakwa wino, likabandikwa kwenye fomu ya kukubali upasuaji. Machela ikasukumwa, milango ya chumba cha upasuaji ikafunguka na kujifunga.

Walibaki wawili kwenye korido, karibu na sinki la kunawia. Fundi alifungua bomba akaanza kusugua grisi ambayo isingetoka kwa maji matupu.

"Unajua nimesema vile ili aishi," alianza.

"Najua."

"Basi mbona unaniangalia hivyo?"

"Kwa sababu umeyasema bila kukwama. Wewe ukisema Kimlimani unakwama kila baada ya maneno matatu. Haya yalitoka laini. Umekuwa ukiyafanyia mazoezi?"

Fundi alifunga bomba. Alichukua muda kujibu, na ule muda ulimuumiza mkalimani kuliko jibu lenyewe. Alikiri kwamba mama alishamkatalia zamani, tangu mara ya kwanza alipomtaja. Kwamba kila alipokwenda nyumbani alikuwa anamwambia mama nitamwacha, nipe muda, halafu anarudi mjini na kumwambia mchumba wake mama anavuna. Alitumaini siku moja mmoja kati yao atachoka.

"Nani? Mimi au mama yako?"

Fundi alifuta mikono kwenye ovaroli.

"Ulikuwa unamdanganya yeye kwa lugha moja na mimi kwa lugha nyingine," mkalimani alisema. "Na leo ukanipa mimi kazi ya kufasiri."

Fundi alimwomba avumilie kidogo tu. Mama apone, mshono ukauke, watatafuta namna. Kwa sasa wajifanye hawajuani. Mkalimani alivua kitambulisho chake shingoni, akakitazama, akakivaa tena.

"Mimi siwezi kufasiri uongo wako kila asubuhi mbele ya kitanda cha mama yako. Ama umweleze ukweli, ama lile neno ulilosema mle ndani liwe kweli."

Akaondoka. Moja kwa moja alikwenda kwa msimamizi wa wauguzi, akaeleza yote. Msimamizi alimsema vibaya, akampa onyo, akamwambia asikanyage wodi ile. Mchana ujumbe uliingia kwenye simu: "Mama ametoka salama. Asante kwa yote." Baadaye mwingine: "Tafadhali usiseme kitu." Hakujibu hata mmoja. Usiku ule alilia mpaka mto ukalowa, na asubuhi alinawa uso akaenda kazini kama kawaida.

Zuio halikudumu. Mama alipopata nguvu alianza kuwafukuza wauguzi. Hakuna aliyeelewa anauliza nini, mwanawe alikuwa kazini, na dawa alikuwa anazitema. Msimamizi akamwita mkalimani akiwa amenuna. "Nenda. Lakini kilichoandikwa kwenye cheti cha dawa ndicho utakachosema. Mambo yenu ya nyumbani yaishie mlangoni."

Alimkuta mama ameegemezwa kwenye mito. Akamweleza dawa, kwamba mshono usiloweshwe, kovu litabaki dogo. Mama alisikiliza, kisha akamwonyesha kiti.

"Umesema *ifula*. Kovu kwetu ni *ihula*."

Mkalimani alijua limemponyoka. "Samahani, mama."

"Wa bondeni wewe."

"Ndiyo, mama."

"Nilijua tangu siku ile. Lakini nilisema, mtu wa bondeni anaweza kujifunza, basi vizuri. Halafu sauti yako ikatetemeka. Nimepelekwa hospitali nyingi, nimefasiriwa na watu wengi. Hakuna aliyewahi kutetemeka kwa maneno yangu." Alisogeza mto. "Na mwanangu aliposema amemwacha, hakunitazama mimi. Alikutazama wewe. Ni wewe?"

Pale hapakuwa na daktari wala mtu wa kufasiriwa. Mkalimani alikuwa na lugha ya mama yule mdomoni, na kwa mara ya kwanza ndani ya wodi ile aliisema kwa niaba yake mwenyewe.

"Ni mimi, mama."

"Amekuacha?"

"Hilo muulize yeye. Mimi nimechoka kusema maneno yake."

Hasira ilimpanda mama usoni, ikashuka, ikapanda tena. Alisema kwa sauti ndogo kwamba alidanganywa akiwa anakufa, na mwanawe wa kumzaa. Mkalimani hakumtetea fundi. Alisema tu kwamba na yeye alidanganywa, tena kwa muda mrefu zaidi.

"Kwa hiyo tumedanganywa wote," mama alisema.

"Wote, mama."

"Lakini hilo halibadilishi kitu. Lugha yenu inakula yetu. Inaanza na neno moja, mwisho mtoto hajui kumwamkia bibi yake."

Mkalimani angeweza kukubali na kuondoka. Badala yake alivuta kiti.

"Mama, nyumbani kwako mlango unaufunga kwa kitu gani?"

"Kwa *ufunguo*. Swali gani hilo?"

"Una f, mama. Neno lingekuwa lenu tangu mwanzo, mngesema *uhunguo*."

Midomo ya mama ilijaribu neno lile kimyakimya. Mkalimani akaendelea taratibu kwamba huenda kufuli na funguo zilipanda mlimani na watu wa bondeni, zikapanda na jina lao. Na kwamba asali bondeni inaitwa *buhi*, kwa h, kwa sababu ilikuwa inashuka kutoka mlimani, na hakuna aliyeona haja ya kuibadilisha jina.

"Hatujawamaliza, mama. Asali yenu tunaiita kwa jina lenu mpaka leo."

"*Uhunguo*," mama alisema, na kicheko kikamtoka, akashika tumbo. "Usinichekeshe wewe, mshono utafumuka." Kisha kicheko kikaisha. "Maneno ya asali na kufuli ni rahisi. Mimi nasema watoto. Utaniahidi nini?"

"Siwezi kukuahidi mdomo wa mtoto ambaye hajazaliwa, mama. Ninachoweza kuahidi ni masikio yake. Atakisikia Kimlimani kwangu kila siku, pamoja na makosa yangu. Makosa utayarekebisha wewe, kwa hiyo itabidi uwe karibu."

Mama hakusema ndiyo. Alisema anataka maji, na alipopewa aliyanywa yote, akameza na dawa. Kisha akaagiza mwanawe aitwe, na mkalimani asiondoke.

Fundi alikuja baada ya kazi. Alipowaona wawili hao chumba kimoja alisimama mlangoni, kofia mkononi. Mama hakumkaribisha kiti.

"Siku ile uliniambia nini?"

"Mama, pumzika kwanza..."

"Nimepumzika. Uliniambia nini?"

Fundi alimgeukia mchumba wake. Mkalimani aliangalia dirishani.

"Nilisema nimemwacha."

"Umemwacha?"

Hapo Kimlimani chake kikaanza kukwama. Alisema hajamwacha. Alisema aliogopa, akatafuta neno la kueleza aliogopa nini, akakosa, akachomeka la mjini, mama akatikisa kichwa kwamba haelewi. Jasho lilimtoka. Alimtazama mkalimani kwa macho ya kuomba, macho yaleyale ya siku ile, amwazime neno moja tu. Mkalimani alikuwa nalo. Lilikuwa kwenye ncha ya ulimi wake.

"Sema mwenyewe," alimwambia.

Fundi akapiga magoti. Alisema vipande vipande, f na h zikipigana mdomoni mwake, kwamba aliogopa kumpoteza mama, akaogopa kumpoteza msichana, na kwa woga huo aliwadanganya wote wawili. Kwamba anampenda msichana huyo. Kwamba mama akikataa tena yeye atalia, lakini hatasema tena kwamba amemwacha.

Sentensi ilikuwa mbovu. Mama alimsahihisha kitenzi kimoja, akamtaka arudie. Akarudia. Akamsahihisha cha pili.

"Sasa mwambie yeye," mama alisema. "Yeye ndiye uliyemwacha mbele ya watu."

Fundi alimgeukia mkalimani. "Sijakuacha. Nisamehe."

Mkalimani alimwambia atasamehe polepole, na asimharakishe. Alisema kwa Kimlimani ili mama asikie. Mama akaitikia kwa kichwa, ameridhika au amechoka, ilikuwa vigumu kujua.

Harusi haikuwa karibu. Ilisubiri mshono wa mama ukauke, na ilisubiri zaidi imani ya bibi harusi, iliyochukua muda mrefu kuliko tumbo. Fundi aliihangaikia bila kulalamika. Siku yenyewe ilipofika, mama alisimama kusema neno mbele ya pande mbili, na watu wa bondeni wakaanza kunong'onezana nani atawafasiria. Bibi harusi akataka kunyanyuka. Mama mkwe akamkandamiza begani.

"Kaa, mwanangu. Leo hufanyi kazi."

Kisha akawageukia wageni, akaanza kwa Kibondeni, kibovu, kilichojaa h.