Barafu Chini ya Bomba

Alhamisi saa tano asubuhi Alistair Begg alirudi kutoka kwa daktari akakuta mkewe ameibwa.

Ndivyo alivyosema kwenye simu, na Konstebo Lorna Keogh, askari pekee wa mji mdogo wa Lumsden, hakumsahihisha. Merepeka Begg alifariki mwezi Machi. Kilichoibwa ni majivu yake, yaliyokuwa katika sanduku la mbao lisilozidi ukubwa wa mkate, juu ya meza ya jikoni.

Mlango haukuvunjwa, kwa sababu haukufungwa. Watu wa kule hufunga mageti ya malisho, nyumba humwachia Mungu. Televisheni ilikuwepo, bunduki ilikuwepo kabatini. Mezani zilitapakaa ramani na picha za Queenstown, mji wa watalii kando ya ziwa: mashua zinazoruka juu ya maji, vibanda vinavyopanda mlima kwa waya, daraja ambako watu wenye akili zao hujirusha wakiwa wamefungwa kamba miguuni. Katikati ya karatasi hizo palibaki pengo la mraba.

"Jumamosi ndiyo safari," Alistair alisema. Alikuwa bado na koti, na midomo yake ilikuwa na rangi ya majivu. "Jumanne napasuliwa moyo kule Christchurch. Daktari hakunificha kitu. Huenda nikaamka, huenda nisiamke. Nilimwahidi Merepeka nitammwaga ziwani kwa mkono wangu mwenyewe. Wangu, Lorna, si wa mtu mwingine."

"Tutampata, mzee," Lorna akasema, kisha akajilaumu. Askari hapaswi kuahidi asichokishika.

Alizunguka jikoni. Mkate na siagi vilikuwa juu ya kabati.

"Huwa unaviweka huku?"

"Hapana, mezani. Nilivyotoka asubuhi vilikuwa mezani."

Mwizi aliyeondoa mkate na siagi mezani, akavipanga juu ya kabati, ndipo akaiba. Lorna hakuwahi kumkuta mwizi nadhifu namna hiyo.

Nje, majani yalikuwa meupe kwa umande ulioganda. Kando ya mlango wa nyuma palikuwa na bomba ambalo kila majira ya baridi huvikwa gunia lisipasuke. Gunia lilikuwa limevuliwa na kukunjwa vizuri. Chini ya bomba kulikuwa na bamba la barafu, safi, halijakanyagwa.

"Bomba hili umelifungua leo?"

"Mimi? Tangu Mei sijaligusa. Maji ya moto yako ndani, huku nje nifuate nini, kifo?"

Lorna aliitazama ile barafu kwa muda. Haikumwambia lolote.

Wa kwanza kuhojiwa alikuwa Catriona, binti yao, anayeuza katika kituo cha mafuta. Mji mzima ulijua kwamba haitaki safari ile hata kuisikia.

"Baba anakwenda kufia kwenye mashua," alisema huku akipanga chokoleti ambazo tayari zilikuwa zimepangwa. "Mashua inazunguka kama pia, watu wazima wanatapika! Yeye eti: 'Mama yako aliipenda.' Mama alikuwa mama. Mama alijirusha darajani akiwa na miaka sitini!"

"Kwa hiyo ukaamua kuizuia."

"Nilijaribu." Uso ukamwiva. "Lakini sikumgusa mama. Tangu saa moja niko hapa, kamera hiyo hapo juu inaniona."

"Nani mwingine alikuwa haitaki?"

"Muulize nani aliitaka! Juzi Jumanne tulikaa kupanga, ikawa vita. Jirani yetu Murdo anataka mashua kubwa, baba anataka ya kasi. Hata mama mkubwa Turuhira, aliyetoka Riverton, kule pwani, na skonzi zake, hakuketi nasi. Alikula amesimama mlangoni, akaenda kulala mapema, jana asubuhi akarudi kwao."

"Alisema nini?"

"Sijui. Tulikuwa tunapiga kelele."

Kisha dereva wa gari la maziwa akampa Lorna habari iliyomchangamsha: saa tatu asubuhi ile alimwona Murdo Tulloch, jirani, akitoka kwa Begg kwa mlango wa nyuma, mkononi ana mfuko mzito, akitazama huku na huku kama aliyeiba kuku.

Murdo alikutwa akipasua kuni.

"Mimi niibe majivu?" Alicheka mpaka akakohoa. "Ili niyamwagie viazi?"

"Mfukoni mlikuwa na nini?"

"Mambo ya watu wazima, afande."

"Murdo, mzee wa watu yule kakaa jikoni anatetemeka. Usinichezee."

Kicheko kikamwisha. Akaingia bandani, akatoka na mfuko, akaumwaga: buti za baridi za Alistair na funguo za gari lake, ambalo asubuhi ile hakwenda nalo kwa daktari.

"Catriona ndiye aliyeniomba. Alisema bila buti na gari, hatakwenda. Nikaona aibu, lakini nikachukua. Ni rafiki yangu, Lorna. Sitaki kumzika mwaka mmoja na mkewe."

"Ulipoingia, sanduku lilikuwepo?"

"Lilikuwepo. Nikaligeuzia mgongo. Nilihisi Merepeka ananitazama."

"Na mkate?"

"Mkate gani tena? Ulikuwa pale pale pembeni yake. Nilimega kipande."

"Kabla ya kuondoka ulinawa?"

"Kwa mkate?" Murdo alishangaa kweli. "Na hata kama ningenawa, si kuna sinki?"

Hapo Lorna akageukia nyumba ya Begg. Si kuna sinki. Nani anavua gunia, ananawa kwa maji ya kukata vidole, na hatua tatu kutoka hapo kuna maji ya moto? Ni mtu aliyelazimika kunawa kabla ya kuondoka, lakini mikono aliyokuwa nayo haikufaa kuingia panapooshewa vyombo vya chakula. Mtu ambaye kwa mila yake hawezi kuacha mkate karibu na maiti. Mtu aliyekula amesimama mlangoni kwa sababu mezani palikuwa na mdogo wake.

Lorna alikuwa amehudhuria mazishi mengi ya watu wa pwani ya kina Turuhira, na kila mara kwenye geti la makaburi alipewa chupa ya maji anawe, aache ya wafu kwa wafu. Alipaswa kuliona jambo hilo mapema. Badala yake siku nzima ilipita akifukuzia buti.

Ijumaa asubuhi alimpeleka Alistair Riverton. Njia nzima mzee alishika mapajani picha iliyokunjwa ya Wakatipu, ziwa la Queenstown, hakuikunjua.

Turuhira aliwafungulia mlango kabla hawajabisha. Alikuwa mwanamke mrefu, mvi zimefungwa kisogoni, na macho yalionyesha hakulala.

"Karibu, shemeji. Karibu, mwanangu."

"Mama," Lorna alianza, "jana kati ya saa tatu na saa tano uliingia kwa shemeji yako. Ulitoa mkate mezani, ukachukua sanduku, ukanawa kwenye bomba la nje."

"Ndiyo."

"Huulizi nimejuaje?"

"Nilijua barafu itabaki. Nilisimama pale nikaiona inaganda. Ningeweza kuondoka bila kunawa, usingejua kitu." Alitikisa kichwa. "Lakini bila kunawa nisingeweza kuingia hata garini."

Alistair alishika fremu ya mlango. "Yuko wapi, Turuhira?"

"Pembeni ya mama."

"Nipe."

"Nimemzika, Alistair. Jana jioni. Wapwa zangu walichimba, tukamwimbia. Yuko ardhini."

Alistair aliachia fremu. Kisha mzee akafoka kwa sauti ambayo Lorna hakujua kwamba kifua kile bado kinayo.

"Alitaka ziwa! Alisema mwenyewe, kinywa chake, kitandani! Wewe ni nani?"

"Dada yake. Merepeka alitaka mengi. Alitaka kujirusha darajani."

"Na alijirusha!"

"Alijirusha, na kamba ikamrudisha. Ziwani asingerudi." Machozi yalimtoka na hakuyafuta. "Maji yale yaliwalisha bibi zetu, shemeji. Chakula na maiti haviwekwi pamoja. Watu wangekula samaki wa ziwa lile, wangemla mdogo wangu. Nilisema Jumanne."

"Hukusema!"

"Nilisema mara mbili. Mlikuwa mnachagua mashua."

Alistair alimtazama Lorna. Yalikuwa macho ya mtu aliyeita askari na askari amefika. Lorna alikuwa amempata mwizi, amejua saa na sababu, na hakuwa na la kufanya. Konstebo hafukui kaburi kwa amri yake mwenyewe, na hata angepewa amri, angemshikisha nani jembe?

"Mnipeleke nikamwone," mzee akasema hatimaye.

Makaburi yalikuwa juu ya kilima, yanaitazama bahari. Tuta la udongo mpya lilikuwa dogo, kama la mtoto. Alistair alipiga magoti kwa shida, akaweka kiganja juu yake, akazamisha vidole udongoni. Upepo ulikuwa mkali. Turuhira alivua shali, akamfunika mabegani, naye hakuitupa.

Walipofika getini, Turuhira alichukua chupa ya maji iliyokuwa imeegemezwa kwenye nguzo. Akanawa. Akammiminia Lorna. Kisha akamgeukia shemeji yake.

Alistair alificha mikono nyuma, udongo bado uko kwenye kucha.

"Mimi sinawi."

"Shemeji, huwezi kuondoka hivyo."

"Nikinawa nitakuwa nimemwacha hapa. Na mimi sikumwahidi hapa."

Turuhira alibaki ameinamisha chupa, maji yanamwagika chini taratibu.

Simu ya mzee ikalia. Aliitazama, akabonyeza kwa kidole chenye udongo. Sauti ya kijana ikatoka, yenye furaha, ya mtu aliyezoea kuwafurahisha wasafiri.

"Bwana Begg! Queenstown hapa, nathibitisha mashua ya kesho. Bahati yako nzuri, hali ya hewa ni safi kabisa, ziwa limetulia kama sahani. Tukifika katikati nitazima injini kama ulivyoomba. Mtakuwa wangapi?"

Alistair akamnyooshea Lorna simu, akaenda kukaa garini, mikono juu ya magoti, viganja vikiangalia juu.

"Halo?" kijana akasema. "Bado mko wawili?"

Lorna aliishika simu kwa mikono iliyolowa, na maji yakaanza kumganda vidoleni.