Rwegasira Hakuwa Amelewa

"Huyu mchumba wako amelewa!" Mzee Lwakatare alimfokea binti yake Clotilda mbele ya wageni wote, nyumbani kwake Ijumbi.

Rwegasira alitaka kujitetea, ulimi ukawa mzito. Jasho lililowesha shati, mikono ikamtetemeka.

Mwenyewe alijua kinachomsibu. Mwaka jana daktari mmoja wa Bukoba alimpa vidonge vya kuzuia sukari isipande baada ya kula. "Ukimeza, kula papo hapo. Kama huli, usimeze." Mchana ule, alipoona ndizi zinaepuliwa, alijificha nyuma ya migomba akameza. Kurudi ndani, wazee wakaanza hotuba. Saa nzima, sahani hakuna. Akaona aibu kuomba chakula ukweni.

"Rwega, kweli umekunywa?" Clotilda alimnong'oneza, machozi yakimlengalenga.

"Su... sukari," alijikakamua. Akaporomoka miguuni pa mzee.

Clotilda alikimbilia soda, akamnywesha kidogo kidogo mpaka akili zikamrudia. Vidonge vilikuwa vimemdondoka mfukoni.

"Vya nini hivi?"

"Vya kisukari."

"Tangu lini?"

"Mwaka jana."

Clotilda aliviweka vidonge mezani. Aliingia chumbani, akafunga mlango.

Rwegasira alirudi kwake Nshambya, siku tatu hakutoka nje. Ya nne akamwandikia Clotilda meseji: "Nisamehe. Niliogopa utakataa kuolewa na mgonjwa."

Jibu likaingia: "Mgonjwa ningemuuguza. Mwongo nimfanyeje?"

Alilisoma mara kumi. Asubuhi akaenda Ijumbi peke yake, bila mshenga.

"Tata, sikulewa," alimwambia baba mkwe, macho chini. "Nina kisukari. Niliona haya, nikawaficha wote, hata Clotilda. Uamuzi ni wenu."

Mzee Lwakatare alikohoa, akatazama pembeni.

"Mimi nimekuita mlevi mbele za watu. Nitawaita walewale, niwaambie nilikosea."

Clotilda alikuwa amesimama mlangoni.

"Sijakusamehe yote," alisema.

"Najua."

"Jumatatu tunakwenda kliniki pamoja, nimsikie daktari kwa masikio yangu. Tukitoka huko ndipo tuzungumze habari ya harusi."

Kilio kikamzidi Rwegasira. Alilia palepale mbele ya mkwe wake, mtu mzima na suti yake, na Clotilda akaja kukaa karibu naye.

Miezi minne baadaye walifunga ndoa.