Mwaka Uliorukwa Kwenye Mchezo

Kila alasiri akitoka shule, Kokugonza, mwanafunzi wa darasa la saba Muleba, aligeuza kahawa ya bibi yake iliyoanikwa mkekani. Siku hiyo akaomba kiganja kimoja cha kahawa ya kutafuna.

"Ya nini?" akauliza Bibi Rosalina.

"Ya mchezo wa shule, bibi. Kundi litakaloshinda kesho linakwenda mashindano Bukoba. Sisi tunaonyesha historia ya Wizara ya Ushirikiano wa Afrika Mashariki."

Akaeleza. Mashimba, mtoto wa wavuvi wa kisiwa cha Bumbire, ataigiza Kenya; Jesca ni Uganda; yeye ni Tanzania. Watatafuna kahawa pamoja, kama Wahaya wa zamani walipofanya omukago, undugu wa kuchanjiana damu, ambapo wawili waligawana punje za tunda moja la kahawa. Hiyo ni 1967, Jumuiya inazaliwa. Halafu 1999, mkataba mpya Arusha. Mwaka 2006 wizara inaundwa, 2015 inaunganishwa na Mambo ya Nje. Makofi!

"Mashimba ananicheka, eti tunda moja lina punje mbili na nchi ni tatu, Uganda atameza mate?"

Bibi hakucheka. "Na kuvunjika kwa Jumuiya umekuweka wapi?"

Kokugonza akainama. Mwaka 1977, Jumuiya ilipovunjika, aliujua vizuri. Aliuruka makusudi, maana afisa elimu angekuwepo, na wageni wa namna ile hupenda mambo matamu.

"Marehemu babu yako alikuwa mpishi kwenye meli ya Jumuiya hapa ziwani," bibi akasema polepole. "Alichanjiana na mwenzake wa Kisumu. Wakubwa wakagombana huko juu, meli zikagawanywa, mpaka ukafungwa. Hawakuonana tena mpaka babu yako anazikwa. Waliogombana waliendelea kula vizuri. Na wewe sasa unamfuta, mwanangu?"

Asubuhi Kokugonza akawaambia wenzake kwamba wataonyesha na kuvunjika.

"We Kokugonza, Bukoba tutaisikia redioni!" Mashimba akalalamika. Lakini akakubali.

Mbele ya shule nzima wakatafuna, wakakumbatiana. Kisha Kokugonza akapaza sauti, "Mwaka 1977!" Wote watatu wakatema kahawa chini, wakageuziana migongo.

Afisa elimu akakunja uso. "Binti, aibu hii ina ulazima gani?"

Kokugonza akasogea mbele. "Shikamoo, mheshimiwa. Jumuiya isingevunjika, nchi zetu zisingehitaji mkataba mpya. Na huo mkataba wa pili ndio wizara ilipewa kuusimamia. Tukiruka hapo, wizara inaonekana imeota tu kama uyoga."

Mtu mmoja akacheka, kisha wengi. Afisa akajikuna kidevu. "Haya, endeleeni."

Wakageukiana taratibu, kila mmoja akimchungulia mwenzake kwanza, wakatafuna upya. Makundi mengine yalikuwa yamekariri tarehe tu. Kundi la Kokugonza likachaguliwa.

Mwalimu wao wa historia, Klaudia, akawaita pembeni, na Kokugonza akamsimulia yote ya bibi na babu. "Msijisifu sana," mwalimu akasema. "Kokugonza, jana ulikuwa tayari kutudanganya ili upigiwe makofi. Historia ukiikata pale inapouma, unawapa wakubwa nafasi ya kusema jambo hilo halikutokea. Wakishasema halikutokea, watalifanya tena, na atakayeumia ni mpishi wa meli, siyo wao. Semeni kweli hata mbele ya mgeni. Na huko Bukoba msithubutu kupunguza hata neno."