Mhusika Hajaambiwa

Foleni ya chipsi katika jengo la umoja wa wanafunzi, pale Leeds, ilikuwa imefika mlangoni siku Rhodri Pask alipomkanyaga Tamsin Ogden.

"Samahani, dada."

"Kanyaga tu, kura yako nilishapata."

Rhodri akamtazama vizuri. Fulana nzito ya zambarau, neno AFISA mgongoni, hereni za plastiki mfano wa nanasi, nywele nyekundu zilizolowa mvua. Uso huo aliujua.

"We si ndiye uko kwenye mlango wa choo?"

"Bango langu ndilo liko chooni. Mimi niko ghorofa ya pili, afisa wa elimu."

"Na unalipwa?"

"Mwaka mzima. Nimeweka masomo kando, wenzangu wamenichagua, nagombana na maprofesa kwa mshahara. We unagombana nao bure, si ndiyo?"

Wakala chipsi meza moja, siki ikiwawasha vidole. Kuanzia hapo simu hazikukoma.

"Umekula nini, mtoto wa Wales?"

"Mkate na maharagwe."

"Tena? Utaota mizizi wewe!"

Jengo zima liliwaona wakichekeana ngazini. Lakini neno lenyewe hakuna aliyelitamka.

Mwezi Januari baba yake Rhodri alianguka kutoka paa la zizi. Rhodri akakaa naye hospitalini, mtihani ukampita, na cheti cha daktari akakipeleka kikiwa kimechelewa. Chuo kikataka kumwondoa. Kikao kikapangwa Alhamisi, saa nne asubuhi. Kuwasindikiza wanafunzi kwenye vikao vya namna hiyo ndiyo ilikuwa kazi ya Tamsin.

"Nitakaa kulia kwako," alimwahidi. "Vaa shati lenye kola."

Alhamisi saa tatu, Rhodri akifunga vifungo, simu ikalia.

"Siji, Rhodri. Atakuja Shazia, afisa wa ustawi."

"Unasemaje?"

"Karatasi zote anazo. Nisikilize, siwezi..."

"Huwezi nini? Wakubwa wamekutisha?"

"Siruhusiwi kuongea nawe tena juu ya kesi."

"Haya, Mheshimiwa Afisa." Akakata.

Njia nzima alimtukana kimoyomoyo. Kupoteza chuo kulimwogopesha. Kupoteza zile simu kulimwogopesha zaidi, na jambo hilo lilimuudhi.

Chumbani walikuwepo maprofesa watatu, jagi la maji, na katibu aliyeandika kila kikohozi. Mwenyekiti, Profesa Lumb, akavua miwani.

"Afisa wa elimu yuko wapi?"

"Amejitoa," alijibu Shazia, akafungua daftari la bluu. Humo maafisa waliandika uhusiano wowote unaoweza kuwapotosha kazini, na mwanafunzi yeyote aliruhusiwa kulisoma. "Nasoma kama ilivyo. 'Jumatano, saa kumi jioni. Najitoa kwenye kesi ya R. Pask. Sababu: ninampenda. Mhusika hajaambiwa.'"

Kalamu ya katibu ikasimama. "Sentensi ya mwisho iingie kwenye kumbukumbu?"

"Iingie," alisema Profesa Lumb. "Ingawa si kweli tena."

Rhodri alikuwa amekuja na hotuba kali. Yote ikamtoka kichwani. Akaeleza tu habari za zizi, za paa, za baba yake aliyeogopa kuachwa peke yake wodini. Wakamtoa nje dakika ishirini, wakamwita: atafanya mtihani Agosti, na chuoni atabaki.

Alipofika ghorofa ya pili, habari zilikuwa zimemtangulia. Watu walikuwa wakitafuta karatasi wasizozihitaji karibu na mlango wa Tamsin.

"Wamekubakisha?" Tamsin hakunyanyua macho.

"Agosti narudia. Mbona hukuniambia mimi kwanza?"

"Ningekwambia kabla ya kikao, ungehisi nauza msaada. Ningenyamaza nikakaa kulia kwako, wangejua baadaye, uamuzi wote ungefutwa. Kanuni inasema andika. Nikaandika."

"Mtu anaambiwa, Tamsin. Haandikwi daftarini kama kabati la ofisi."

"Najua." Masikio yakamwiva. "Nilipiga asubuhi nikwambie. Nikashindwa."

Rhodri akaivuta kola ya shati lake, kana kwamba kikao kingine kimeanza.

"Na mimi nikitaka kujibu, naandika ukurasa gani?"

"Usiandike, mpenzi. Kuna watu kumi na mmoja hapo nje wanangoja kusoma."

Rhodri akaenda akaufunga mlango. Wote kumi na mmoja wakaguna kwa pamoja.