Waliofagia Nyumba ya Mulangoni

Waliporudi Mulangoni, kila nyumba ilikuwa imejaa matope hadi magotini, isipokuwa nyumba ya Fahima.

Ziwa lilikuwa limekikalia kijiji kile miaka miwili. Ni kijiji kidogo, nyumba kama thelathini hivi, kusini ya mji wa Rumonge, pale mto unapokutana na Tanganyika, na wenyeji wake wamezoea maji yenye nia mbili. Asubuhi mto huingia ziwani. Alasiri, upepo wa kusini ukivuma, ziwa nalo huingia mtoni, maji yakarudi nyuma mpaka kwenye michikichi, na wakati wa magharibi yakashuka tena. Hayo waliishi nayo. Lakini mwaka ule wa mvua nyingi ziwa lilipanda likakataa kushuka, watu wakabeba magodoro na masufuria wakatawanyika. Fahima alihamia Kizuka kwa ndugu pamoja na mama mkwe wake, Bi Mwanahamisi, wakabanana chumba kimoja. Anwari, mume wake, siku nne kwa wiki alikuwa barabarani akipeleka mawese Bujumbura.

Siku ya kurudi, jirani yao, muzee Karoli, alikuwa tayari amevua shati, anachota matope kwa sepetu na kuyatupa dirishani. Fahima alimsalimu, akasukuma mlango wake mwenyewe, akasimama. Alama ya maji ilikuwa ukutani, usawa wa kifua. Chini yake sakafu ya saruji ilikuwa kavu na safi, na uani mistari ya ufagio ilionekana bado mibichi.

Alimuuliza Karoli nani aliyewafagilia. Karoli akasema hakumwona mtu. Yeye alitangulia kufika siku tatu kabla, na mlango ule aliukuta umefungwa. Bi Mwanahamisi akasema ni baraka, tuingie. Wakaingia. Aliyechoka haulizi kitanda kimetandikwa na nani.

Kilichoanza ni harufu. Ilikuwa kama ya kamba iliyolala majini, na ndani yake kitu kama ubani uliozimwa na maji. Ilikuja alasiri mto unapogeuka, katika chumba cha nyuma alichokuwa akilala bibi, ikaondoka magharibi. Fahima alijiambia ni kuta zinakauka. Kisha akasikia kukohoa, kule kukohoa kwa adabu kwa mtu aliye msalani anayewaonya wanaokuja. Aliingia chumbani akamkuta mama mkwe peke yake, usingizini, nywele zake zinachuruzika maji na mto wa kichwa mkavu.

Siku nyingine alikuwa amekaa kivulini anachambua mchele, jua likiwa kali, kijiji kizima kimejinyoosha, akasikia mwiko ukizunguka ndani ya chungu jikoni kwake, taratibu, kama mtu anayepika akiwaza mambo mengine, na akijua kuwa jikoni hakuna moto wala chungu kilichoinjikwa, aliinuka akaenda hadi mlangoni, akatazama mafiga yaliyo baridi na majivu ya jana, na ule mwiko ukaendelea kuzunguka mbele ya macho yake, pale pale, mahali pasipo na kitu.

Jioni ile Bi Mwanahamisi alimvuta karibu.

"Ukiingia katika chumba changu, piga hodi," alisema kwa sauti ya chini. "Iko watu."

"Watu gani, mama?"

"Wenye nyumba."

Tangu hapo bibi alianza kuisha. Aliacha kula, miguu ikavimba, akashindwa kusimama. Kwenye zahanati walimpima wasione kitu. Kila alasiri alikohoa maji, na yalikuwa maji ya ziwa, kwani siku moja Fahima alipoyapangusa kwa kanga, aliona ndagala, dagaa mmoja mdogo, anarukaruka ndani ya nguo, mzima.

Anwari aliporudi kutoka safari na kuonyeshwa ile kanga, hakukaa chini. Alipanda pikipiki akamleta Maalimu Shafii kutoka mjini, mtu mpole anayefundisha watoto Kurani asubuhi na kushona magodoro mchana. Karoli naye aliitwa, kwa kuwa mgonjwa, ingawa hakuweza kusimama, kila alasiri alikuwa akitupa watu wanaomshika, na mikono ya Anwari peke yake haikutosha.

Maalimu alisoma tangu adhuhuri. Mto ulipogeuka, harufu iliingia, nzito kuliko siku zote, na Fahima, aliyekuwa ameshika mkono wa mama mkwe, alihisi ule mkono ukilegea kama mkono wa mtu aliyempisha mwingine kitini, kisha macho ya bibi yakafunguka bila kumtambua, na sauti iliyotoka mdomoni mwake haikuwa yake, ilikuwa ya mwanamke kijana, mtulivu, aliyechoka.

"Maalimu, usitupigie kelele. Iko watoto wamelala."

Maalimu alimuuliza ni nani na anataka nini. Sauti ikajibu kuwa wao ni watu wa chini, na ziwa lilipopanda liliwatoa makwao kama lilivyowatoa watu wa juu. Walikuta nyumba hii haina mtu. Wakaingia, wakatoa matope, wakazaa humu. Maalimu akasema nyumba ina wenyewe, na karatasi zao ziko serikalini, komini.

"Mwenye nyumba ni nani?" sauti iliuliza. "Yule aliyeiacha, ao yule aliyeifagia? Muulize huyu bibi. Jibu alishalitoa."

Fahima alimwona Karoli akiinamisha kichwa, na Anwari akitazama pembeni. Mulangoni hakuna asiyejua kisa hicho. Parseli ile yote, kiwanja na nyumba, ilikuwa ya baba yake Karoli, kabla ya mwaka wa sabini na mbili, watu walipokimbia mauaji kwenda Tanzania. Baba yake Anwari alipewa ikiwa tupu. Miaka thelathini na sita baadaye Karoli alirudi ana mvi, na Bi Mwanahamisi alisimama kwenye mlango huu huu akamwambia kuwa mwenye nyumba ni aliyeifagia. Karoli hakugombana. Alikubali kipande cha upande wa mto, kile kinachozama kwanza, akajenga, na kila asubuhi alimwamkia bibi kwa heshima.

Maalimu aliongeza sauti. Alinyunyiza maji aliyoyasomea, na mwili wa bibi ukajikunja, midomo ikageuka ya kijivu. Sauti ikaanza kulia. Ilisema watatoka, lakini kwao kumefukiwa na matope ya mto, na hawana pa kwenda. Maalimu akawaamuru waende mahali pasipo watu.

"Tukitoka bila pa kwenda," sauti ilisema, "tutatoka na yeye."

Bibi akaacha kupumua. Maalimu alisoma huku jasho linamtiririka, Anwari akamwita mama yake kwa jina, na kifua kile kilibaki kimelala.

"Kwangu kuna chumba," alisema Karoli.

Maalimu alimkataza, akamwambia watu wa namna hiyo hawakaribishwi. Karoli alijibu kwa Kiswahili chake cha Tanzania, bila haraka. "Nimekulia kambini, Maalimu. Mama mwenye mtoto mgongoni akiambiwa toka, najua anavyotazama." Kisha akamgeukia mgonjwa. "Matope nimeshayatoa. Tangu mke wangu Kornelia afe nakaa peke yangu. Njooni."

Fahima alijua kuwa ilimpasa kusema hapana. Neno lilikuwa mdomoni. Lakini mkono aliokuwa ameushika ulikuwa unapoa, akanyamaza, na ndani ya kunyamaza kwake akamwomba Mungu Karoli asibadili nia.

Mlango ulifunguka. Juu ya saruji kavu zikatokea nyayo za maji, kubwa, kisha ndogo, kisha ndogo zaidi, nyingi, zikavuka ua kuelekea kwa jirani. Bi Mwanahamisi alitapika maji, akavuta pumzi, akaomba chai.

Tangu siku ile nyumba ikawa nyumba tu. Bibi alipata nguvu, akatembea, ila alipunguza maneno. Mwezi uliofuata alimtuma Anwari kwa Karoli na ujumbe kwamba parseli ipimwe upya, igawanywe kwa haki. Karoli alishukuru kwa Kirundi, "Murakoze," akasema hakuna haraka, wenzake wanasema ardhi si kitu.

Karoli mwenyewe alinenepa. Nguo zake zilikuwa safi. Alasiri, juu ya ua wa miti, Fahima alimsikia akicheka kama mtu anayesimuliwa kisa kirefu. Alipompelekea chakula, Karoli alikipokea mlangoni, hakumpisha, na mara moja aliuliza kama kuna sufuria kubwa ya kuazima.

Masika ziwa lilipanda tena. Safari hii watu hawakungoja; kwa siku mbili kijiji kilikuwa juu ya barabara na mizigo yake. Anwari alimpakia mama yake garini. Fahima akarudi peke yake kwa Karoli, maji yakimfika magotini.

Alimkuta ndani, ameketi kwenye kiti, amevaa shati jeupe lililopigwa pasi, miguu majini.

"Muzee Karoli, gari iko barabarani. Twende."

"Nendeni, jirani. Mimi nimeshakimbia vya kutosha."

"Maji yanapanda."

"Najua. Wameniambia huko chini kwao kumeshasafishwa. Walikaa kwangu, na mimi nitakaa kwao."

Fahima alimshika mkono akamvuta. Hakuinuka. Alimtoa vidole kimoja kimoja, kwa upole, kama anavyotolewa mtoto anayeng'ang'ania, na Fahima akaona kuwa maji pembeni ya kiti yanasogea, huku na huku, bila upepo, kama yanavyosogea pakiwa na watu wanaosimama kumpisha mmoja apite. Alitaka kumwambia kuwa siku ile alinyamaza, na kwamba amenyamaza hadi leo. Karoli alikuwa anatazama kitu nyuma ya bega la Fahima na kutabasamu.

"Ukitoka nivutie mlango," alisema. "Takataka za mto zinaingia."

Fahima alitoka. Akaushika mlango kwa mikono miwili, kwa sababu maji yalikuwa yakiusukuma, akauvuta mpaka ukafunga. Na kutoka ndani, karibu kabisa na mbao, sauti ya mwanamke ikamwambia, "Murakoze."