Samahani, Hapa Pana Mtu

Jioni ile nilikuwa nimetoka kununua betri za tochi. Hilo tu. Novemba huku London giza huingia watu wakiwa bado makazini, na nilipotoka dukani taa za barabarani zilikuwa zimeshawaka, manyunyu yananipiga usoni, nami nanung'unika kama ilivyo kawaida yangu. Aliyesahau betri alikuwa Clive Haddow. Clive ndiye aliyekuwa akiongoza ziara zetu. Mimi nilikuwa mkia.

Mkia ni kazi, msicheke. Ukiwashusha watu kwenye stesheni ya treni za chini ya ardhi iliyofungwa miaka mingi, mmoja hutangulia akisimulia, mwingine hufuata nyuma kabisa ili asibaki mtu gizani. Kila tunapoondoka mahali, Clive huita, "Mkia?" Nami huitika, "Hakuna nyuma yangu!" Kisha tunasonga.

"Jean Tapley!" Clive akapaza sauti aliponiona. "Nilidhani umeolewa hukohuko dukani."

"Na nani? Wanaume wazuri wameisha, umebaki wewe."

Wageni wakacheka. Mmoja hakucheka. Alikuwa mwanamke mzee mwenye koti la sufu la kijani, mwembamba kupita kiasi, amekumbatia blanketi la kijivu lililokunjwa vizuri.

"Mpenzi, huko chini hakuna baridi hivyo," nikamwambia. "Blanketi utalibeba bure."

"Si la baridi," akajibu. "Naitwa Queenie Sallis. Nitatembea nawe huku nyuma. Magoti yangu hayataki haraka."

Tukaanza kushuka. Stesheni yenyewe inaitwa Tanner Row. Lifti yake ilikufa zamani, kwa hiyo watu hushuka kwa ngazi za kuzunguka, na sauti ya Clive ikawa inafifia huko chini. Queenie alinishika mkono. Mkono wake ulikuwa mwepesi hata nikaona haya kuukaza.

"Mimi si mtalii," akasema. "Nimeshalala humu. Wakati wa mabomu ya Wajerumani, mwaka wa arobaini."

Nikamwacha aseme.

Wakati huo alikuwa na miaka minane, wakiishi yeye na mama yake tu. Kila alasiri mama alimpa blanketi na kumtuma akapange foleni mlangoni. Milango ikifunguliwa, watoto walikuwa wakikimbia chini na kutandika blanketi jukwaani, kando ya reli. Ukishatandika, hiyo ni nafasi yenu ya usiku. Hakuna aliyeigusa. Mtaa ule watu waliibiana makaa, waliibiana hata waume, lakini nafasi ya mtu kwenye foleni au jukwaani... hapana. Mtu angeona heri asimame mpaka asubuhi kuliko kuigusa. Hata leo sisi watu wa London tuko hivyo.

"Mama alifanya kazi kwenye kiwanda cha jamu ya machungwa. Akitoka zamu ananifuata. Jioni moja aliniambia, 'Queenie, usitoke hapo mpaka nije.' Mabomu yakaanza mapema. Nikangoja."

"Akaja?"

"Nilingoja mpaka asubuhi, mpenzi. Shangazi ndiye aliyekuja kunichukua."

Mwili wa mama haukuonekana. Lakini nyakati zile miili mingi haikuonekana. Kilichomuumiza Queenie ni maneno. Siku moja alivunja sahani, shangazi akamwambia mezani, mbele ya watu, kwamba mama yake hakufa. Kwamba alitoroka na askari wa Kikanada. Kwamba alikuwa amechoka kulea.

"Nina miaka sitini na sita sasa. Nina uvimbe tumboni, na daktari ameshaacha kunidanganya. Nataka kujua jambo moja tu kabla sijaondoka." Akasimama ngazini kuvuta pumzi. "Nijue kama alikuwa anakuja."

"Na utajuaje humu?"

"Jirani yangu alikuja kwenye ziara yenu wakati wa kiangazi. Aliinama kufunga kiatu pale jukwaani. Akasikia harufu ya machungwa."

Mimi siamini mizimu, na wageni wanaojifanya kuzimia huniudhi. Lakini harufu ile niliijua. Wote tuliofanya kazi mle tuliijua; huja mtu akiinama au akikaa pale. Ndiyo maana tuliwakataza wageni kukaa chini, tukisingizia vumbi.

Jukwaani Clive alikuwa akimulika vigae vilivyobanduka na matangazo ya sabuni ya zamani. Treni bado hupita pale, ila hazisimami. Wageni walikuwa wakipiga picha. Queenie hakutazama chochote. Alitembea moja kwa moja mpaka mwisho wa jukwaa, ukutani, kama mtu anayekwenda chumbani kwake.

"Ni hapa. Niache nikae, Jean. Kidogo tu."

"Haturuhusu, mpenzi."

Hakunibembeleza. Alinitazama tu, nikaona macho yake yamejaa machozi, nikashindwa.

Clive alikuwa ameshawaingiza wageni kwenye njia ya kuelekea jukwaa la pili. "Mkia?" akaita.

"Tunakuja! Kuna mtu anafunga kiatu."

Queenie akatandika blanketi. Akakaa upande mmoja, akaacha upande wa pili wazi.

Maji yalidondoka mahali fulani. Tone... tone...

Kisha ikaja.

Maganda ya machungwa, na sukari inayoungua sufuriani.

Halafu nikasikia hatua. Zilitoka upande wa ngazi, polepole. Hatua moja, kusimama. Hatua nyingine, kusimama. Mwanzo sikuelewa kwa nini zinakwenda vile. Kisha nikaelewa. Ni mwendo wa mtu anayepita katikati ya watu waliolala, akijihadhari asikanyage vidole vyao.

"Samahani... samahani, mpenzi... naomba nipite..."

Tochi yangu ikazimika. Ndiyo, ile yenye betri mpya.

Treni ikaja. Upepo ulitangulia, kisha mwanga wa madirisha ukaanza kupita jukwaani, mwanga na giza, mwanga na giza. Na kwenye mwanga nikamwona.

Alikuwa mwanamke kijana. Kilemba kichwani, vazi la kiwandani, vumbi la matofali limejaa kwenye kope na midomo. Alikuwa ameinama mbele ya Queenie akimtazama usoni.

"Mama," Queenie akanong'ona.

Yule mwanamke akamtazama. Akamtazama tena. Kisha uso wake ukakata tamaa, nami niliuona, na nitaukumbuka mpaka kufa.

"Samahani, bibi," akasema. "Natafuta binti yangu. Ana miaka minane. Nilimwambia asitoke hapa."

"Mama, ni mimi. Ni mimi, Queenie."

Mwanamke akatabasamu kwa upole, tabasamu la kumpa mzee aliyechanganyikiwa.

"Na yeye anaitwa Queenie," akasema. "Jina zuri, eh?"

Queenie alijiziba mdomo kwa mikono miwili. Kisha akafuta uso kwa mkono wa koti. Alipozungumza tena, alizungumza kama mtu baki.

"Nimemwona binti yako. Alikungoja hapahapa. Asubuhi shangazi yake akaja kumchukua."

"Alilia?"

Treni ilikuwa inaishia.

"Hapana," Queenie akasema. "Hakulia. Alikuwa mtoto mzuri."

"Amekula?"

"Amekula. Ameshiba."

"Ah, afadhali." Sauti ikashuka, ikajaa uchovu. "Walituambia tusitoke kiwandani mpaka mabomu yaishe. Nikawaambia, mtoto wangu yuko peke yake kule, ninyi mna wazimu? Nikakimbia. Nilikimbia sana, bibi. Nilikuwa nimeshafika mlangoni hapa juu..."

Akanyamaza, kama ambaye hakumbuki kilichofuata.

"Basi nitamngojea hapa," akasema. "Atarudi. Ungenipisha, bibi? Hii ni nafasi yake."

Na Queenie akainuka. Wallahi, aliinuka, na magoti yake yale, akampisha.

Behewa la mwisho likapita na giza likatufunika. Tochi ilipowaka, hapakuwa na mtu. Blanketi lilikuwa palepale. Upande mmoja ulikuwa umebonyea kama umekaliwa. Nikaona ule mbonyeo ukisogea kidogo, mtu akijiweka sawa.

Sijui tulivyofika juu. Clive alipoita, sikuweza kuitika, akarudi kutufuata akidhani nimevunjika mguu. Nje mvua ilikuwa imekatika. Nikamnunulia Queenie chipsi zenye siki, akala zote kwenye karatasi, akilia na kucheka kwa pamoja.

"Alikimbia, Jean. Umemsikia? Walimkataza, akakimbia kuja kwangu. Na yule shangazi mshenzi miaka yote ananiambia..." Akatia chipsi nyingine mdomoni. "Alikuwa mlangoni."

"Lakini hakukujua," nikasema. Mdomo wangu huo, haujui kukaa kimya.

Queenie akajipangusa chumvi vidoleni.

"Atanijuaje? Mimi nimezeeka kuliko yeye. Nikifa tutajuana."

Alifariki Februari. Nilikwenda kumzika, tukala mikate midogo yenye nyama ya ulimi, na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nilitoka mazishini nimefurahi. Nilijiambia sasa wamekutana. Nilijiambia hivyo kila usiku kabla ya kulala, na nikalala vizuri.

Mwezi uliofuata tukaanza ziara tena. Alasiri moja ya mvua tulikuwa Tanner Row. Clive alikuwa ameshaingia kwenye njia ya jukwaa la pili na wageni wake, nami nikabaki nyuma jukwaani, kama kazi yangu inavyotaka. Blanketi lilikuwa bado palepale ukutani. Hakuna kati yetu aliyethubutu kuliondoa.

Machungwa. Sukari ya kuungua. Nikatabasamu, mjinga mimi.

Kisha nikasikia harufu nyingine. Koti la sufu lililolowa mvua.

"Samahani, mpenzi," ikasema sauti ya mwanamke mzee, sauti niliyoijua. "Hapa pana mtu?"

"Pole, bibi," akajibu mwanamke kijana, kwa adabu zote. "Pana mtu. Namshikia nafasi binti yangu. Atafika sasa hivi."

Halafu hasira zikanipanda, hasira ambazo sijawahi kuwa nazo kwa mtu aliye hai.

"Ni yeye!" nikapiga kelele. "Wewe mama, ni Queenie huyo! Mpishe akae!"

Sauti yangu ikazunguka handakini, ikarudi. Clive akatokeza, akanimulika usoni.

"Jean? Unaongea na nani?"

Nilikuwa nasikiliza. Maji yalidondoka... tone... tone... Kisha, karibu kabisa na bega langu, mtu akashusha pumzi, taratibu, bila kinyongo.

"Mwache, Jean," Queenie akasema. "Si neno. Nitasimama tu."