Hundi ya Shemeji Mita

Kila alipotoka shule, Sindano alivua viatu mlangoni, akaketi chini ya meza ya kukatia vitambaa na kuanza kupunguza nyuzi zilizoning'inia kwenye sare. Walimwita hivyo kwa wembamba wake. Mama yake alikuwa fundi cherehani, mshonaji wa sare za shule, na mikono yake haikujua kupumzika. Lakini jioni hii cherehani zilikuwa kimya. Mama alikaa akizikodolea macho tu, kama mtu aliyeambiwa kwamba si zake tena.

"Hakimu amekataa kuifuta kesi," alimwambia kaka yake aliyesimama mlangoni. "Anasema hundi ni hundi. Ikirudishwa na benki kwa kukosa fedha, aliyeitia sahihi ajibu. Nikikutwa na hatia, ni jela."

Kesi yenyewe ilianzia kwenye urafiki. Muuza vitambaa, ambaye mtaa mzima ulimwita Mita, alimkopesha Mama majora kadhaa. Kama dhamana, Mama akampa hundi aliyoitia sahihi bila tarehe. Mita hakuwa ndugu, ila alizoea kumwita shemeji, na neno hilo lilimlevya Mama. Alipomaliza kulipa kwa fedha taslimu, aliomba hundi yake.

Mita akacheka. "Shemeji, kwani hatuaminiani? Iko nyumbani. Nitaichana mwenyewe."

Mama akaona haya kusisitiza. Miezi ikapita, akahamia duka lenye bei nafuu. Mita akanuna, akaijaza hundi tarehe, akaipeleka benki.

"Sasa tunakwenda Mahakama Kuu kuomba kesi ifutwe huko," mjomba alisema. "Sindano, wewe ulikuwepo siku ya malipo. Utasema ulimwona Mita akiichana ile karatasi, ili hii aliyoipeleka benki ionekane ya kughushi."

"Sikumwona, Mjomba. Nilimsikia akisema ataichana."

"Kusikia na kuona kuna tofauti gani? Unataka mama yako alale jela kwa sababu ya ulimi wako mzito?"

Sindano alimtazama Mama. Mama aliinamisha kichwa, hakusema kitu, na ukimya ule ulimuuma mtoto kuliko maneno ya mjomba.

Kesho yake walikwenda kwa wakili, mwanamke mwenye sauti ya kukwaruza. "Mwanangu, uliona nini?" aliuliza.

Mjomba akamkanyaga Sindano mguu chini ya meza. Machozi yakamlengalenga. "Mama alilipa deni lote. Mita alisema ataichana hundi mwenyewe. Kuichana sikuona."

Wakili akaandika hivyo hivyo kwenye hati ya kiapo. Mjomba alitoka nje bila kuaga.

Siku ya kusikilizwa, jaji aliinua hundi juu. Ilikuwa nzima, haina hata mkunjo, na sahihi ilikuwa ya Mama mwenyewe. Sindano akaikazia macho. Angesema alivyofundishwa, uongo wake ungeanikwa pale mbele ya watu wote.

"Hundi hii ilikuwa ya deni gani?" jaji alimuuliza wakili wa serikali.

Wakili huyo akamwinamia Mita, wakanong'ona. "La majora yale ya mkopo, Mheshimiwa."

"Na deni hilo lililipwa, kama mama na binti yake walivyoapa?"

Wakanong'ona tena; mbele ya viapo viwili, Mita hakuthubutu kukana. "Lililipwa, Mheshimiwa. Mlalamikaji alikasirika kwa kuhamwa."

"Hasira si deni," jaji alisema. "Na mahakama si fimbo ya kumchapia mteja aliyehama duka." Akayafuta mashtaka.

Nje, hakuna aliyeshangilia. Shule zilikuwa zimekwisha kumpa kazi fundi mwingine, maana nani ampe sare mshtakiwa? Cherehani moja ilikuwa imeuzwa kumlipa wakili. Mita akawafuata, mkono ameunyoosha. "Tusameheane, yamekwisha." Mama aliutazama mkono ule, akaendelea kutembea.

"Nilitaka kukuokoa, dada," mjomba alisema kwa sauti ndogo.

"Ungenizika," Mama akamjibu. Kisha akamshika binti yake bega.

"Na mimi nilinyamaza, mwanangu, nikakutwisha mzigo wangu. Nisamehe. Ukiulizwa, sema ulichokiona, na ambacho hukukiona sema hukukiona, hata kama anayekusukuma ni mjomba, hata kama ni mimi. Na siku utakapomaliza deni, usiondoke bila karatasi yako mkononi. Mwenye nia njema hatachukia ukiiomba. Mimi nimepoteza kazi ya miaka kwa kuona haya kudai kilicho changu. Wewe usione haya."